Nimetembea na Osmo Pocket 3 kwenye mafuriko ya Rufiji, haya ndo niliyoyaona

Wadau habari zenu. Hii kamera ninayo toka mwanzoni mwa 2024, imeshapanda mitumbwi, imeshalala kambini, imeshanyeshewa (sio kwa kupenda), kwa hiyo hii sio rivyu ya mtu aliyefungua boksi juzi akarekodi maua ya nyumbani kwake. Nafanya dokumentari, nyingine najilipia mwenyewe nyingine nalipwa, na kazi kubwa ya moyo wangu kwa kipindi hiki ni watu wa bonde la Rufiji na yale mafuriko ya 2024. Watu wananiuliza sana inboksi natumia nini, nikiwaambia ni hako kakamera ka mkononi hawaamini, basi naandika hapa mara moja wote wasome.

Kwa asiyeijua, DJI Osmo Pocket 3 ilitoka Oktoba 2023. Ni kama kifimbo, inakaa mfuko wa shati, gramu 179. Juu kuna kichwa cha kamera kimekaa kwenye gimbali, yaani ule mtambo unaotuliza mtikisiko ukiwa unatembea, chini kuna kioo cha inchi 2, ukikizungusha kikalala kamera inawaka yenyewe. Sensa yake ni ya inchi 1 ambayo kwa kitu kidogo hivi ni kubwa, inarekodi 4K mpaka fremu 120 kwa sekunde, na ina D-Log M ya biti 10 kwa anayependa kuja kurekebisha rangi baadaye. Ilipotoka bei iliyotangazwa ilikuwa dola 519 yenyewe tupu, na dola 669 kwa seti kubwa wanayoiita Creator Combo, ambayo ina maiki moja ya DJI Mic 2, lenzi ya kupanua picha, mkono wenye betri ya ziada na tripodi ndogo. Huku kwetu bei inapanda na kushuka na dola, pita maduka matatu kabla hujatoa hela. Ila chukua seti kubwa, usijibane hapo, sababu yenyewe ni ile maiki na nitaifikia.

Sasa Rufiji. TMA, yaani Mamlaka ya Hali ya Hewa, walishatahadharisha toka Agosti 2023 kwamba El Niño inakuja. Desemba 3 tukaona tope la mlima Hanang lilivyoshuka Katesh likaua watu, mvua hazikukata, zikaunganika na masika, na Aprili 2024 mto Rufiji ukatoka. Tarehe 25 Aprili Waziri Mkuu wa wakati huo, Majaliwa, aliliambia Bunge kwamba nchi nzima watu 155 wamefariki na zaidi ya 200,000 wameathirika. Kabla watu hawajapumua, Mei 4 kikaja kimbunga Hidaya upande wa Mafia, barabara ya Dar kwenda Lindi ikakatika Somanga, magari yakalala pande zote mbili. Mi niliingia upande wa Mohoro wiki ya mwisho ya Aprili, basi mpaka Ikwiriri, pikipiki, afu kipande cha mwisho mtumbwi.

Siku ya kwanza nilitoka na kamera kubwa ya kukodi, tripodi, na mwenzangu kashika maiki ya fimbo. Nilichopata siku ile karibu chote sijakitumia. Kila tulipofika watu walisimama, walijifuta uso, walipanga watoto mbele, na kila mtu alianza vile vile, tunaiomba serikali, tunawaomba wahisani. Na siwalaumu hata kidogo, maana kila kamera iliyofika pale ilifika na kiongozi au na gari la msaada, watu wameshajua kamera ikija inataka kusikia nini, na mtu mwenye njaa atasema kile kitakachomletea unga. Ila ile sio maisha yao. Maisha yao yalikuwa yanaendelea nyuma ya mgongo wangu wakati mi nahangaika na tripodi kwenye tope.

Siku ya pili mvua ilikuwa kubwa, ile kamera kubwa nikaiacha, nikatoka na Pocket peke yake mfukoni.

Kwenye kambi ya waliokimbia maji, ndani ya darasa la shule, kulikuwa na bibi mmoja amekaa kwenye jamvi. Nikamwamkia, nikakaa chini na mimi, tukaongea weee bila kamera. Baadaye nikaitoa nikamwonesha, nikamwambia bibi hii ni kamera, inarekodi picha na sauti, ukisema nizime nazima, na ukisema nifute nafuta hapa hapa unaona. Akaishika, akaigeuza geuza, akauliza, "Hii?" Nikamwambia ndiyo bibi. "Haya." Akanirudishia akaendelea na kazi yake, na hakuiangalia tena.

Kazi yenyewe ilikuwa gunia la mpunga ambalo wajukuu walilitoa ndani ya maji. Alipokata ule uzi wa mdomoni mvuke ukatoka, harufu kali kama kitu kilichochachuka, na mpunga wote ulikuwa umeota, vimche vyeupe na vizizi vimesukana mpaka gunia zima limeshikana kama godoro la sufi. Bibi akachomoa bonge moja, akalichana taratibu kwa vidole, anatafuta punje ambazo hazijaota azitenge kwenye ungo. Alichana, akachana, akachana, dakika nne nzima, kwenye ungo zikawa zimefika punje labda ishirini. Hakulia, hakuomba kitu. Mwisho akasema, "Hii ilikuwa mbegu, mjukuu wangu," akafunika gunia.

Hiyo shoti ndo roho ya filamu yangu na nimeipata kwa sababu mbili tu. Kamera ilikuwa juu ya goti langu, karibu nusu mita toka kwenye vidole vyake, imetulia haitikisiki, na darasa lilikuwa na mwanga wa dirisha moja tu lakini ile sensa ya inchi 1 ikaumudu. Na ya pili, hapakuwa na kitu cha kumkumbusha bibi kwamba anarekodiwa zaidi ya mimi mwenyewe, na mi alishanizoea. Nyie mnaonunua kamera kwa kusoma tu idadi ya megapikseli, fikirieni hilo kwanza kama kazi yenu ni watu walio kwenye shida.

Haya, maiki. Filamu ya mafuriko ni filamu ya sauti, watu hawalijui hili mpaka wafike. Mvua kwenye bati, mvua kwenye turubai, vyura usiku, jenereta ya msaada, boti za injini, watoto mia tatu kwenye shule moja. Maiki za kwenye kamera yenyewe sio mbaya kabisa kwa ukubwa wake, lakini chini ya bati mvua ikinyesha husikii mtu hata akiwa hatua mbili. Ile DJI Mic 2 ya kwenye seti inaungana na Pocket moja kwa moja bila risiva, unaiwasha zinaonana basi. Na kizuri kuliko vyote, inaweza kurekodi ndani yake yenyewe, ina GB 8 ambazo ni kama masaa 14, kwa hiyo mtu akipanda mtumbwi akaondoka ukabaki nchi kavu, sauti yake bado unayo.

Jambo dogo lakini muhimu, ile maiki ina kisumaku, huhitaji kubana na kutoboa nguo. Kipande cha sumaku kinakaa ndani ya kanga, maiki inakaa nje, vinashikana. Na msimvalishe mama wa watu maiki kwa mikono yenu jamani. Mi nampa mkononi yeye mwenyewe au nampa binti yake amvalishe, namwelekeza kwa kujionesha kwenye shati langu. Nimeona watu wa kamera wanaingiza mkono kwenye mtandio wa mtu mzima kana kwamba wanavalisha sanamu, afu wanashangaa mbona hajibu vizuri. Ukimaliza kumbuka pia kumwambia sasa imezimwa, maana mtu anaweza kwenda chooni au kugombana na mumewe akiwa bado na maiki kifuani, hayo masaa 14 yanarekodi yote, na ukikuta kitu kama hicho unafuta bila kukisikiliza mpaka mwisho.

Maji. Hapa nisikilizeni vizuri. Pocket 3 haizuii maji na hata watengenezaji wenyewe hawajawahi kusema inazuia. Ile gimbali ina viungo viko wazi, tone likiingia pale ni hatari, na mchanga ni hatari zaidi. Kwa hiyo unanunua kamera ya kwenda nayo kwenye mafuriko huku ukijua maji ndo adui yake namba moja, na bado nasema inunue, ila ujipange. Mi natembea hivi: kamera iko ndani ya kile kiboksi chake, kiboksi ndani ya mfuko wa nailoni wa zipu, ndani ya mfuko natupia vile vipakiti vidogo vya kunyonya unyevu vinavyokuja kwenye viatu vipya, nimevikusanya kwa mafundi viatu na wauza mitumba mpaka nina kopo zima. Ndani ya mtumbwi naitoa kama mvua imekata na mtu nyuma yangu kashika mwavuli. Usiku naifungua mifuko yote ipumue, maana joto la mkoa wa Pwani na unyevu ule asubuhi unaweza kukuta ukungu kwenye lenzi. Ukikuta ukungu usifute na tisheti, kaa nayo kivulini nusu saa, utatoka wenyewe.

Kama unataka picha za kwenye maji yenyewe, yaani kamera inagusa mto, usilazimishe, beba kamera nyingine ya kazi hiyo. GoPro Hero12 inazama mita 10 bila kifuniko na Osmo Action 4 mita 18. Nilikuwa nayo moja ya namna hiyo, naifunga mbele ya mtumbwi. Ila ile ni kwa ajili ya kumwonesha mtazamaji maji yamefika wapi, mazungumzo na nyuso za watu nafanya na Pocket.

Kitu kilichoniumiza zaidi kuliko maji ni memori kadi. Nilinunua kadi mbili kwenye duka moja mjini, zimeandikwa ukubwa mzuri, bei ya kirafiki, muuzaji ananiambia kaka hizi ndo orijino. Moja ilikuwa feki. Ilirekodi vizuri siku mbili, ya tatu faili zikawa hazifunguki, na ndani yake kulikuwa na mzee mmoja aliyenisimulia Operesheni Rufiji, ile ya 1969, watu walivyohamishwa toka bondeni kwenda kwenye vijiji vya juu, na kwa nini wengi walirudi kulima kule kule chini. Nilirudi kumrekodi tena, alikubali, lakini mara ya pili hadithi inakuja imefupishwa, kile kicheko cha mara ya kwanza hakirudi. Kwa hiyo kadi mpya ukinunua, kabla hujaenda popote, ijaze yote mpaka mwisho na video yoyote, ihamishe kwenye kompyuta, angalia kama kila faili linafunguka. Na kila jioni kopi mbili, hata kama umechoka vipi.

Chaji iko poa. Betri ni mAh 1300, na ule mkono wa betri wa kwenye seti unaongeza mAh 950. Wanasema inajaa asilimia 80 kwa dakika 16, lakini hiyo ni kwa chaja ya wati 65, kijijini huna hiyo, utachajia kwenye vibanda vya sola pamoja na simu za watu, na pale hesabu masaa. Pawabenki kubwa ni lazima. Halafu uungwana tu, kambini usikae unachomeka vitu vyako kwenye soketi moja ambayo watu mia wanaisubiri kupiga simu kwa ndugu zao. Chajia nje ya kambi, lipa hela ya mwenye kibanda.

Zoom ya lenzi haina, kuna ya kidijitali tu, na lenzi yenyewe ni pana, sawa na milimita 20. Maana yake huwezi kukaa mbali ukavuta sura ya mtu analia. Kwangu mimi hilo ni jambo jema. Ukitaka uso wa mtu lazima umsogelee, ukimsogelea lazima akuone, akikuona lazima muongee. Kwa sababu hiyo hiyo na droni sikutumia, mbali na kwamba ina vibali vyake TCAA (Mamlaka ya Usafiri wa Anga) na kwingineko. Picha za juu za Rufiji imekuwa bahari zilishapigwa na vyombo vya habari, unaona maji na mapaa ya nyumba, humwoni mtu. Vibali vya kurekodi pia usiruke, Bodi ya Filamu, halafu ukifika ni mtendaji na mwenyekiti wa kijiji kabla ya kugusa kamera.

Nimeacha sehemu ninayoipenda kuliko zote.

Mkulima mmoja wa Mutomo kule Kitui, Kenya, Kisilu Musya, alipewa kamera akarekodi mwenyewe familia yake na mashamba yake kwenye ukame na mafuriko kwa miaka kadhaa, na filamu iliyotokana na kazi hiyo ikatoka 2017. Nilipoisikia habari yake nikasema kwa nini sisi tunaingia siku tano tunaondoka na "stori". Kwa hiyo nilipokuwa narudi Dar mwezi Mei, Pocket niliiacha. Nilimwachia kijana mmoja anayevusha watu kwa mtumbwi, tukaandikishana mbele ya mwenyekiti, namlipa kama mpiga picha na jina lake linakaa kwenye filamu kama mpiga picha, sio kama "shukrani". Kumfundisha ilichukua mchana mmoja. Kitufe chekundu anza, kitufe chekundu acha, ukitaka imfuate mtu gonga kioo mara mbili juu ya uso wake, kamera inazunguka yenyewe. Hiyo kazi ya kufuata mtu ndo imeniokoa, maana mtu ambaye hajawahi kushika kamera anapata picha iliyotulia akiwa anafikiria kitu anachokiona badala ya kufikiria mkono wake.

Alichonirudishia sikukitegemea. Kuna kijiti. Mlangoni kwao baba yake alichomeka kijiti cha mkoko, kila asubuhi anakata alama kwa kisu pale maji yalipofika. Kijana karekodi kile kijiti kila siku, siku kumi na tisa, sekunde kumi kumi, sauti yake nyuma inasema tu, leo yamepanda vidole viwili, leo yamesimama, leo yamepanda. Siku moja mkono wa mama yake unaingia kwenye picha na kibatari, ni usiku, picha imejaa chenga kidogo lakini unaona maji yamefika alama ya juu kabisa na mama anasema, "Tuhame sasa au tusubiri kuche?" na baba hajibu. Mimi na kamera yangu kubwa nisingekuwepo hapo hata ningelala kambini mwezi mzima. Wengine kwenye picha zake wanabishana kuhusu bwawa la umeme la Nyerere, lililo huko juu kwenye mto huo huo, kama ndo lililowaletea maji au la. Serikali na TANESCO walieleza kwamba bwawa lilipunguza makali, na wapo wanaokubali na wapo wanaokataa, ila wanabishana wakiwa wanaparua samaki, kwa lugha yao, hawanibishanii mimi. Nimeyaacha yote mawili ndani.

Julai nikarudi. Maji yamerudi mtoni, bonde limebaki na tope jeusi linang'aa, na watu wamo ndani wanapanda mlau. Kwa wasiojua, mlau ndo kilimo cha Rufiji toka enzi, unapanda mahindi, kunde, maboga kwenye unyevu ambao mto umeuacha, udongo ule mafuriko ndo yaliouleta. Ukiishia Aprili utatengeneza filamu ya watu wanaosubiri msaada, na mtazamaji wa Dar atauliza kwa nini hawahami. Ukirudi Julai unaona mtu yule yule aliyekuwa kambini yuko juu ya dungu lake, kile kibanda cha juu cha kulindia shamba, anafukuza ndege, na jibu liko pale shambani. Na bibi nilimkuta, kapata mbegu kwa ndugu yake wa Utete, akanifokea kwa nini nimekaa miezi miwili bila hata kupiga simu.

Nilimchezeshea ile shoti ya gunia kwenye kioo cha inchi 2, nimeshika kiganja juu kuzuia jua. Aliangalia mpaka mwisho. Akaomba irudiwe. Akaita wajukuu. Nikamuuliza kama niiache kwenye filamu au niitoe, akasema iache, ila uweke na hii ya leo.

Basi, kama unarekodi harusi au unataka zoom, hii sio kamera yako. Kama kazi yako ni kukaa na watu, inunue na maiki yake, nunua kadi sehemu unayoiamini, na mifuko ya zipu isikuishie. Mimi nanunua ya pili mwezi ujao, maana ile ya kwanza imeshabaki Rufiji, kijana hataki kuirudisha na mimi sijaiomba.